Kipindi Nilichokizima Kabla ya Mwisho

Deniz mwanangu,

Umetoka kwenda kuaga watu wa mtaa wa Dilala, na najua hutarudi upesi, maana kila nyumba watakuwekea kiti na sahani. Nimebaki hapa na sanduku lako katikati ya sebule. Habari za sweta, za pasipoti na za namna ya kuzungumza na watu wa uwanja wa ndege, mama mkubwa wako amekwisha kukueleza mara tatu. Sitaongeza neno.

Ninakuandikia kwa Kiswahili cha shule, kile nilichofundisha maisha yangu yote, kwa sababu chetu cha nyumbani kinaniruhusu kukwepa. Nikianza kusema nawe kwa lugha yetu nitatia mzaha, utacheka, na neno lenyewe litapita pembeni. Hiki cha shule kinanibana kama kiatu kipya. Leo nataka kinibane.

Jumapili, ulipokuwa unasukwa nywele uani, nilikuwa nyuma ya dirisha la jikoni nikichekecha unga. Nilikusikia ukimwambia rafiki yako: "Nikimuona Papa, nitamuuliza kitu moya tu. Juu ya nini ulituachaka? Kisha nitanyamaza." Akakuuliza, "Na kama hana na jibu?" Ukasema, "Basi nitajua."

Nilisimama na chekecheo mkononi mpaka mkono ukafa ganzi. Ninamjua baba yako. Ukimuuliza hivyo, atatazama mikono yake, atasema "Una haki," na hatajitetea hata kwa neno moja. Wewe utaondoka mbele yake ukiamini umejua. Kumbe utakuwa umechukua uongo wangu ukaupeleka mpaka Istanbul, naye ataupokea kama deni lake.

Miaka kumi na mitano nimekuambia baba yako alichoka na sisi. Si kweli, Deniz. Hakuchoka.

Basi nikueleze kuanzia mwanzo, hata yale unayoyajua, kwa sababu unayajua yakiwa yamepinda.

Baba yako, Rifat, ni mtoto wa Zonguldak, mji wa makaa ya mawe wa Uturuki kando ya Bahari Nyeusi. Baba yake alishuka chini ya ardhi kila siku mpaka mapafu yalipokataa. Rifat aliniambia kwamba nyumbani kwao mama yake alianika mashuka ndani ya nyumba, kwa sababu nje yangekuwa meusi kabla ya kukauka. Aliponisimulia hayo, mimi nilikuwa nimeanika yetu uani, na vumbi la malori lilikuwa limekwisha kuyafanya mekundu. Tukacheka. Nadhani siku ile ndiyo nilianza kumpenda.

Mjomba wake alimpeleka Istanbul kusoma kwa mapadri wa Kifaransa, ndiyo maana tuliweza kuelewana kwa Kifaransa. Kazi yake ya kwanza katika tamthilia ilikuwa kushika kile kibao kinachogongwa mbele ya kamera. Baadaye akakaa kwenye chumba cha kukata na kuunganisha picha, kisha akawa msaidizi wa mwongozaji miaka tisa. Alipopewa tamthilia yake mwenyewe alikuwa ameanza kupata mvi. Ilikuwa habari ya familia tajiri yenye nyumba kando ya maji, na nchi nzima iliitazama. Kule kipindi kimoja kinakaribia urefu wa saa mbili, na kila wiki lazima kiwe tayari. Hapakuwa na siku ya kupumua. "Miaka sita," aliniambia, "nilipiga picha ngazi za nyumba moja. Watu wanapanda wakilia, wanashuka wakilia."

Halafu watazamaji wakapungua. Huko habari hiyo inaletwa kwa simu, asubuhi. Siku walipompigia, mafundi walianza kubomoa zile ngazi huku mwigizaji mkuu akiwa bado amevaa gauni la harusi ya kipindi ambacho hakingepigwa tena. Baba yako alimpa koti lake akamsindikiza kwenye gari. Hilo ndilo alilokumbuka kuliko sifa zote alizowahi kupata.

Baada ya hapo alitaka kupiga picha mgodi, kwa ajili ya baba yake. Wenye kampuni wakakubali kwa sharti kwamba mgodi uwe mbali na uwe na mapenzi ndani yake. Wakatunga habari ya injinia wa Istanbul anayekuja Afrika kusahau mwanamke. Ndivyo alivyofika hapa Kolwezi na watu kumi na mmoja na masanduku ya vyombo, wakatafuta mtu wa kuwatafsiria. Mkuu wa shule yetu akanitaja.

Siku ya kwanza walihitaji watu arobaini watoke kwenye lango la mgodi. Rifat akaniambia, "Waambie wasitazame kamera." Nikawaambia. Wote arobaini wakaitazama. Hakukasirika. Alipita kwa mmoja mmoja, mimi pembeni, akiwauliza asubuhi walikula nini. Kulikuwa na mzee mmoja mstaafu wa mgodi, akaninong'oneza: "Mama, uyu muzungu iko naniuliza nilikula nini. Iko nataka kunipa chakula?" Nikatafsiri. Rifat akasimamisha kazi yote, akaagiza mikate na chai. Watu walikula, wakasahau kamera, wakaanza kuongea habari zao, naye akasema polepole, "Haydi," yaani haya twende, na kamera ikaanza. Hakuwahi kupiga kelele. Alimwambia mpiga picha asihangaike na nyuso, atazame mikono, kwa sababu mikono haijajifunza kudanganya.

Tamthilia ile ilikatwa baada ya kipindi cha tano. Wenzake walirudi kwao naye akarudi nao. Baada ya miezi mitano alishuka tena Kolwezi na sanduku moja, akaja kusimama mlangoni kwa mama yangu, Kambo wako, akiwa amevaa tai. Tulifunga ndoa komini, kwenye ofisi ya serikali, watu wachache, na bukari, ugali wetu, nyingi kuliko watu.

Kambo alimpenda haraka, na sababu yake ilikuwa ya kitoto. Alikuwa anafuatilia filamu za Waturuki zilizotiwa Kifaransa, na sasa Mungu amemletea mkwe anayejua zinavyoisha. "Sema kweli, Rifa," alimwambia kila jioni, "ule bibi, bwana yake atarudia?" Baba yako, kwa Kiswahili chake cha kuhesabu: "Atarudia, Mama. Ngoja kipindi ya mia moja." Kambo alicheka mpaka akakohoa. Ulipozaliwa, Rifat akakuita Deniz, bahari. Kambo akasema, "Bahari iko wapi huku? Shiye tuko na Lualaba, inatosha." Mwaka mzima alikuita Lualaba, jina la mto wetu.

Kisha baba yako akaanzisha tamthilia yetu. Kamera moja, kituo kidogo cha televisheni cha hapa mjini, waigizaji walimu wenzangu, madereva wa pikipiki, muuguzi mmoja na mama mmoja fundi cherehani wa Dilala aliyekuwa na sauti nzito. Nusu saa kila Jumamosi, saa kumi na moja jioni. Watu walijiona kwenye kioo cha televisheni wakisema kama wanavyosema. Sokoni walinisimamisha wakiniuliza nani ataoa nani. Sijawahi kumwona mtu mwenye furaha kama baba yako miaka ile. "Hapa," alisema, "hakuna simu ya asubuhi."

Sasa nakuja kwenye neno lenyewe.

Unajua nilikuwa na mdogo wangu, Banza, kitindamimba wa Kambo. Unajua alikuwa creuseur, mmoja wa wale wanaochimba madini kwa mikono, na shimo likamwangukia, na hawajamtoa mpaka leo. Hayo uliambiwa. Usiloambiwa ni asubuhi yake. Banza alikuwa amekaa nyumbani siku tatu. Alisema shimo lao limeanza kutoa maji pembeni, halipendi. Kambo alikuwa amechoka. Baba yetu alikuwa amekufa, chakula kilikuwa cha kuokoteza. Banza alipovaa shati kutoka, Kambo alimwambia, bila hata kugeuka kutoka kwenye mbabula, jiko letu la makaa: "Usirudie hapa na mikono bule."

Nilikuwa mlangoni. Mimi peke yangu nilisikia.

Hakurudi na mikono mitupu wala mikono yoyote. Na tangu siku ile Kambo hakulitaja neno lile, nami sikulitaja. Tuliishi humu ndani wawili, tukilibeba pamoja kama watu wanaobeba jeneza, kila mmoja akitazama mbele yake.

Alasiri moja, mvua ikipiga mabati, nilimwambia Rifat. Sikuwahi kumwambia mtu. Nililia nikalala mkononi mwake. Sikumwambia asiseme. Niliona kati ya mke na mume hakuna haja ya kufunga mlango kwa ufunguo.

Ulikuwa na miaka minne. Jumamosi, sebule imejaa majirani, Kambo kwenye kiti chake na wewe mapajani mwake. Baba yako alikuwa kituoni kukirusha kipindi. Kwenye kioo, yule fundi cherehani alikuwa ameinama juu ya mbabula, na kijana nyuma yake anavaa shati. Nikaona linalokuja, kama mtu anayeona gari linateleza lakini miguu yake haisogei. Fundi akasema kwa ile sauti yake nzito: "Usirudie hapa na mikono bule."

Kambo alikutoa mapajani taratibu, akakuweka kwenye mkeka. Akasimama. Akawaambia majirani, "Mubakie muzuri, ba mama," akaingia chumbani kwake, akafunga mlango. Hakuna aliyeelewa kitu isipokuwa mimi. Nilikwenda nikazima televisheni. Nikawaambia watu umeme una matatizo, na taa ilikuwa inawaka juu ya vichwa vyao.

Baba yako alifika na uso wa mtoto anayeleta ripoti nzuri ya shule.

"Mlitazama mpaka mwisho?"

"Umechukua neno la mama yangu."

"Nimechukua neno ulilonipa."

"Nilikupa wewe, Rifat. Sikuipa Kolwezi."

Akakaa. Akatazama mikono yake. "Una haki," akasema. "Nilipaswa kukuuliza. Niliogopa utakataa, kwa hiyo sikuuliza. Lakini tazama mwisho, Odile. Tazama mwisho, kisha unifukuze."

"Mwisho gani? Ndugu yangu bado yuko chini."

Alikwenda akapiga magoti mbele ya mlango wa Kambo, akabisha kwa vidole viwili. Haukufunguliwa. Mimi nikamwambia atafute pa kulala. Akahamia kituoni, kwenye chumba cha vyombo. Wiki tatu aliishi hivyo, akija mchana kukuona. Kila mchana alikuta sahani yake mezani, imefunikwa. Kambo ndiye aliyeiweka. Niliona ni desturi tu, kwamba mama yangu ana heshima hata kwa mtu aliyemwumiza. Sikumwuliza. Sisi wawili tulikuwa mabingwa wa kutoulizana.

Ndipo ikaja simu kutoka Istanbul. Kijana aliyekuwa chini yake zamani sasa alikuwa mwongozaji, na alimtaka Rifat awe msaidizi wake. Fikiria, kurudi kuwa msaidizi wa msaidizi wako. Alikuja kwenye lango la shule wakati wanafunzi wanatoka. Nilikuwa na chaki mpaka kwenye viwiko.

"Sikuombi unisamehe," akasema. "Sema tu nibaki. Nitabaki."

Nikamwambia, "Nenda."

Ni hivyo tu. Nilikuwa nimegeukia upande mwingine, nikimfokea mtoto aliyekuwa anakimbia barabarani. Miaka mingi ilipita kabla sijaona kwamba nilikuwa nimesema neno la mama yangu, kwa namna ileile, bila kugeuka.

Alipiga simu kila Ijumaa. Mara nyingine nilikupa wewe uongee, ukamwimbia wimbo wa chekechea, huenda hukumbuki. Mara nyingi niliacha ilie. Mara mbili alituma tiketi za ndege za watu wawili, mara mbili nikazirudisha. Baadaye nikabadilisha namba. Nilijiambia ni kwa sababu ya Kambo, kwamba siwezi kumweka mama yangu na mtu aliyemvua nguo mbele ya majirani. Sababu ilikuwa nzuri, hata mimi niliiamini.

Ulipoanza kuuliza, "Papa iko wapi?", nilitafuta jibu fupi. Alichoka na sisi. Jibu hilo halikuhitaji kazi. Mtaa mzima ulikuwa tayari kuliamini: mzungu amekuja, mzungu ameondoka, ni kawaida yao. Wanawake walinihurumia, wakaniletea mboga za lengalenga na samaki. Nikaila huruma ile, Deniz, siku baada ya siku, na sikuwahi kuwaambia kwamba si yangu.

Kambo alipougua, miaka minne iliyopita, alasiri moja ulikuwa shuleni. Nilikuwa nikimkanda miguu. Akasema, "Ile filme ya Rifa, ya ile siku. Uko nayo?"

"Ya nini sasa, Mama?"

"Nauliza kama uko nayo."

Nilikuwa nayo. Rifat aliacha diski zote kwenye kabati, na sikuwahi kuzitupa, sijui kwa nini. Nikaazima mashine kwa jirani.

"Mi niliingia mu chumba," Kambo akasema nilipokuwa nachomeka nyaya. "Wewe njo ulibakia mu salon. Miaka yote nangojea utaniambia vile iliishaka."

"Sikutazama, Mama. Nilizima."

"Ulizima," akarudia. Hakuwa na hasira. Alisema kama mtu anayehesabu miaka.

Tukatazama. Baada ya neno lile, yule mama anabaki peke yake na kazi zake. Habari za shimo zinafika, hakuna anayelia kwenye kamera, tunaona tu mikono ya watu ikishika vitambaa. Halafu ni jioni. Mama amesonga bukari, ameweka sahani mbili. Mlango unafunguka, kijana anasimama pale, vumbi jekundu mpaka magotini. Hana kitu. Anaona aibu kuingia. Mama anamtazama mikono.

"Uko na mikono bule?"

"Njo vile, Mama."

"Ni muzuri. Utanawa mbio. Kuya ukule."

Anamshikia birika, kijana ananawa, maji yanatiririka kwenye vidole vyake mpaka yanakuwa meupe. Kisha tunaona meza tena. Sahani mbili, moja haijaguswa, na mama amekaa peke yake.

Kambo akasema, "Rudisha." Nikarudisha. Akasema tena, "Rudisha." Mara ya tatu midomo yake ilikuwa inasema pamoja na fundi cherehani: kuya ukule. Kisha akaniambia nizime.

"Ile neno ya kwanza nilisema mi mwenyewe," akasema. "Ile ya pili, Rifa aliniazima. Umuite. Umuambie mama anashukuru."

Nikamwambia ndiyo, nitamwita. Alikufa kabla ya mvua za kwanza. Sikumwita.

Hapo ndipo pabaya kuliko pote, mwanangu, na hapo hakuna wa kushirikiana naye lawama. Kumfukuza kulikuwa hasira, na hasira nilikuwa na haki nayo, walau nusu. Baba yako alikosea. Alichukua bila kuomba, na alijua. Lakini baada ya siku ile ya diski sikuwa tena na hasira ya kujifichia. Nilikuwa na aibu. Ningemwambia nini mtu baada ya miaka kumi na mmoja? Kwamba nimetazama leo? Kila wiki niliyokaa kimya iliifanya wiki iliyofuata kuwa ngumu zaidi. Nilidhani hasira ndiyo inayovunja nyumba. Hasira inachoka. Aibu haichoki, inakaa kwenye kiti kama mgeni asiyejua kuaga, nawe unampikia.

Ukamtafuta wewe mwenyewe, bila kuniuliza, ukampata. Uliponionyesha simu yako miezi mitatu iliyopita, ulinieleza kwamba aliongoza tamthilia nyingine mbili, kwamba moja ilikatwa na moja ilidumu, kwamba sasa mikono yake inatetemeka na daktari amemkataza kazi ile, kwa hiyo anafundisha vijana na amekupatia nafasi kati yao. Ukasema pia hakuoa tena. Ulisema kwa kiburi, kama mtu anayenishinda hoja. Nilitoka nje kwenda kuanua nguo ambazo zilikuwa bado mbichi.

Leo mchana, ulipotoka tu, nilimpigia. Namba nilikuwa nimeinakili kutoka kwenye simu yako. Nisamehe na kwa hilo.

"Allô?" Sauti imezeeka, lakini ni ile.

"Ni mimi."

"Odile. Mtoto yuko salama?"

"Yuko salama. Anaondoka kesho. Nilitazama mwisho, Rifat."

"Lini?"

"Miaka minne iliyopita."

Nilimsikia akipumua. "Na Mama?"

"Alitazama mara tatu. Alisema nikuambie anashukuru. Kisha akafariki. Sikukuambia."

Aliiweka simu chini, lakini hakuikata. Niliisikia ikigusa meza. Nilisikia kiti kikisogezwa, kijiko kwenye glasi, mtu akitembea chumbani huku na huko. Nikangoja. Nilisimama pale karibu na sanduku lako nikisikiliza nyumba nisiyoijua. Aliporudi alikuwa amejitengeneza sauti.

"Ule mwisho," akasema, "taa ilikuwa mbaya, sivyo? Nilikuwa na taa moja tu."

Nikamwambia taa ilikuwa nzuri. Nikamwambia pia kile ulichoambiwa wewe miaka yote, na kwamba leo nitakuambia kweli. Akasema, "Usimwambie kwa ukali juu yako mwenyewe." Hakuniambia nije. Sikumwambia ningekuja. Tuliagana kama watu waliokutana kwenye foleni ya benki.

Kwa hiyo hilo swali lako, ukitaka kuuliza, uliza. Lakini jibu unalo, na limetoka kwangu.

Sina mashauri mengi. Unataka kuwa mwongozaji kama yeye. Basi utaokota maneno ya watu, ndiyo kazi yenyewe, na mengine utayaokota kwa watu wanaokupenda. Waulize. Watakaokataa, waache. Na siku mtu atakapokukosea kama alivyonikosea baba yako, kasirika, piga kelele hata, lakini kaa mpaka umeona alitaka kusema nini. Haya yangu ya leo, ukiyataka kwa tamthilia, yachukue. Mimi ninakupa wazi, wewe na yeyote atakayetazama.

Kesho jioni nitasonga bukari ya mtu mmoja. Kipimo chake sikijui. Tangu nizaliwe nimepika kwa watu sita, kwa watano, kwa watatu, kwa wawili. Usinionee huruma, hii ya sasa ni yangu kweli, na nitajifunza kuila.

Nilipoanza barua hii nilikuwa nimekwisha kuchagua pa kuiweka: chini kabisa ya sanduku, kati ya nguo za baridi, uipate ukiwa umeshafika. Hapo ungenikasirikia kwa mbali, na mimi nisingeona uso wako. Nimeona ni tabia yangu ileile. Basi sitaiweka humo. Kesho gari la Lubumbashi linaondoka saa mbili asubuhi; nitakuamsha saa kumi na moja, nitakupa karatasi hizi mkononi, na nitakaa kwenye kiti mbele yako mpaka umalize kusoma. Chochote utakachotaka kusema, nitakuwepo. Sitageuka.

Mama yako,
Odile